Matchan wa Macho Makubwa: filamu elfu moja na nyumba za maskini wa Kyoto

Tarehe 11 Septemba 1926, katika mji wa Kyoto nchini Japani, mwigizaji Onoe Matsunosuke alifariki dunia. Ilibaki siku moja tu atimize miaka 51. Ugonjwa wa moyo ulikuwa umemwangusha akiwa bado kazini, kwenye filamu ambayo ilikuwa ya mwisho kwake. Siku ya mazishi, watu wanaokadiriwa kufika 200,000 walijipanga barabarani kulitazama jeneza likipita. Hakufa mfalme siku ile, wala jenerali. Alikufa mtu wa sinema, mtu ambaye wasomi wengi wa nchi yake walimcheka na kusema kwamba kazi yake ni mchezo wa watoto.

Leo ni wachache nje ya Japani wanaomjua. Hata wale wanaopenda filamu za masamurai na ninja, zile za mapanga, kuruka kuta na kutoweka ndani ya moshi, hawajui kwamba mtu wa kwanza kupendwa na nchi nzima kwa michezo hiyo ni huyu. Inasemekana aliigiza katika filamu zaidi ya elfu moja. Alianza mwaka 1909, akaacha mwaka 1926. Anayependa hesabu ataona mwenyewe: ni zaidi ya filamu moja kila wiki, miaka 17 mfululizo.

Alizaliwa tarehe 12 Septemba 1875 huko Okayama, magharibi mwa Japani. Jina la nyumbani lilikuwa Nakamura Tsuruzo. Huko Japani jina la ukoo linatangulia, na waigizaji wa michezo ya jadi hupewa jina lingine la jukwaani, kwa hiyo Onoe Matsunosuke ni jina la kazi. Utawala wa masamurai ulikuwa umeanguka mwaka 1868, miaka saba tu kabla hajazaliwa. Mwaka 1876, mtoto hajatimiza hata mwaka mmoja, serikali mpya ikapiga marufuku kubeba panga hadharani. Ni jambo la kushangaza kidogo: mtoto wa wakati ambapo panga zilikusanywa na kufichwa ndiye aliyekuja kuishi maisha yake yote ameshika upanga, ingawa ulikuwa upanga wa kuigiza.

Alipanda jukwaani akiwa bado mtoto mdogo. Mchezo wenyewe unaitwa kabuki: maigizo ya zamani yenye nyimbo, ngoma, nyuso zilizopakwa rangi, na wanaume wanaoigiza hata nafasi za wanawake. Katika miji mikubwa waigizaji wa kabuki walikuwa watu wa heshima, wana majina yanayorithiwa kutoka baba kwenda mwana. Tsuruzo hakuwa wa kundi hilo. Alikuwa wa vikundi vinavyozunguka. Leo mji huu, kesho mji ule, jukwaa dogo, malipo kulingana na watu waliofika. Mtu wa namna hiyo hana mtaa wake. Anajulikana siku tatu, kisha anafunga mizigo. Aliishi hivyo mpaka alipokaribia miaka 35, umri ambao wengi huona kwamba maisha yameshaonyesha yatakakofikia.

Aliyeyabadilisha maisha hayo anaitwa Makino Shozo. Familia ya Makino ilikuwa na jumba la maigizo mjini Kyoto, jina lake Senbonza, katika mtaa wa wafumaji wa hariri. Mfanyabiashara mmoja wa sinema, Yokota Einosuke, alikuwa amechoka kuonyesha filamu za kutoka Ulaya peke yake. Mwaka 1908 akamwomba Makino atengeneze filamu za Kijapani, kwa kuwa Makino alikuwa na waigizaji, mavazi na mapanga tayari. Tatizo likawa moja: waigizaji wakubwa wa kabuki hawakutaka. Kwao mwigizaji wa kweli anasimama juu ya mbao safi za jukwaa, na sinema wakati ule ilipigwa nje, juani, miguu ikiwa kwenye vumbi. Waliuita mchezo wa udongo.

Matsunosuke hakuwa na kitu cha kupoteza kwa kukanyaga udongo. Alikuwa mfupi, mwepesi, anaruka na kubiringika, na alizoea kucheza mahali popote watakapomweka. Makino alimwita Kyoto na mwaka 1909 wakatengeneza filamu ya kwanza pamoja, hadithi ya shujaa wa zamani anayejitetea dhidi ya maadui kwa ubao mzito wa mchezo wa go. Watu waliipenda. Wakatengeneza nyingine, na nyingine tena. Mwaka 1912 kampuni ya Yokota iliungana na nyingine tatu, ikazaliwa kampuni kubwa ya Nikkatsu, na Matsunosuke akawa ndiye mtu anayeleta fedha.

Namna walivyofanya kazi ingewashangaza watengenezaji wa filamu wa leo. Kamera ilisimamishwa mahali pamoja na haikusogea. Jua ndilo lilikuwa taa. Mara nyingi hakukuwa na maandishi ya mchezo mikononi mwa waigizaji: Makino alisimama kando ya kamera na kuwatamkia maneno kwa sauti, nao wakayarudia huku wakicheza. Kwa kuwa filamu hazikuwa na sauti, hakuna mtazamaji aliyejua. Filamu mbichi ilikuwa ghali, kwa hiyo walizungusha kamera polepole ili kuokoa fedha, na mwendo wa watu ukatoka wa kurukaruka. Uwanja wa hekalu uligeuka leo kuwa ngome, kesho ikulu, keshokutwa uwanja wa vita. Hekalu za Kyoto ni nyingi, na hazikudai kodi kubwa.

Halafu kuna macho. Kwenye kabuki, mwigizaji anapofikia mahali pa hasira au uamuzi mkubwa, anasimama kama sanamu, anakaza mwili wote na kukodoa macho. Matsunosuke alikuwa na macho makubwa, na kamera iliyasogeza karibu na watu kuliko jukwaa lolote. Alipoyatoa, ukumbi mzima ulipiga kelele. Wakampa jina: Medama no Matchan, yaani Matchan wa macho makubwa. Jina la mwanzo likaachiwa magazeti. Mtaani, kwa watoto na kwa mama zao, alikuwa Matchan tu, kama mtu anavyomwita jirani.

Hao watu hawakuwa wanatazama kimya. Filamu haikuwa na sauti, lakini ukumbi ulikuwa na sauti nyingi. Kando ya kitambaa alisimama mtu anayeitwa benshi. Kazi yake ilikuwa kueleza hadithi, kusema maneno ya kila mhusika, kulia, kutisha, kuchekesha. Katika filamu za Matsunosuke wakati mwingine walikuwa kadhaa, mmoja akisemea bwana, mwingine askari, mwingine mwanamke. Wako benshi waliokuwa na majina makubwa kuliko waigizaji, na watu walichagua ukumbi kulingana na msemaji. Aliyewahi kukaa katika banda la video la Afrika Mashariki, penye mtafsiri anayeongeza chumvi kwenye mchezo wa Kichina au wa Kihindi, hahitaji kuelezwa zaidi jambo hilo. Kwa hiyo umaarufu wa Matchan ulijengwa na macho yake pamoja na midomo ya watu wengine ambao yeye mwenyewe hakuwajua.

Katika hadithi zote alizocheza, moja ilirudiwa mara nyingi zaidi. Wajapani huiita Chushingura, na chanzo chake ni tukio la kweli. Mwaka 1701, bwana mmoja aitwaye Asano alichomoa upanga ndani ya ikulu ya mtawala na kumjeruhi ofisa aitwaye Kira, ambaye alikuwa amemdhalilisha. Kuchomoa upanga mahali pale kulikuwa kosa la kifo. Asano aliamriwa kujiua siku ileile, na nchi yake ikachukuliwa. Wanajeshi wake, pamoja na wake na watoto, walitakiwa kuiacha ngome na nyumba zao. Mtu wa namna hiyo, asiye na bwana wala ardhi, Wajapani wanamwita ronin, neno lenye maana ya mtu anayechukuliwa na mawimbi. Walitawanyika. Wengine waliishi kwa kazi ndogo ndogo, wengine walijifanya walevi ili wapelelezi wasiwashuku. Karibu miaka miwili baadaye, usiku wa baridi kali, 47 kati yao waliingia nyumbani kwa Kira na kumwua. Kisha wakaamriwa nao wajiue.

Katika filamu ya hadithi hiyo iliyotengenezwa miaka ya 1910 na ambayo bado ipo, Matsunosuke anacheza nafasi tatu. Yeye ni bwana Asano anayekufa. Yeye ni Oishi, kiongozi wa wale waliofukuzwa. Na yeye tena ni mlinzi mmoja wa adui anayepigana upande wa pili. Mtazamaji wa leo anaweza kucheka, kwa sababu mtu huyohuyo anakufa mwanzoni, anajilipizia kisasi mwenyewe katikati, na mwishoni anajipinga mwenyewe. Wakati ule hakuna aliyeona ajabu. Walikuja kumtazama Matchan, na kadiri alivyoonekana mara nyingi ndivyo tiketi ilivyokuwa na thamani.

Sehemu inayobaki moyoni, hata hivyo, ni ile ya kuondoka ngomeni. Oishi anatoka, anageuka, anatazama kuta ambazo hatazirudia. Huyu mwigizaji alikuwa amekula barabarani nusu ya maisha yake. Macho yale yaliyozoea kutolewa kwa hasira, mahali hapa kazi yao ni nyingine.

Watoto hawakuwa na haja na Oishi. Watoto walitaka ninja. Inasimuliwa kwamba siku moja kamera ilisimamishwa ili kubadilisha filamu, na mwigizaji mmoja akatoka kwenda kujisaidia. Wengine walibaki mahali pao. Kazi ikaendelea bila yeye, na filamu ilipoonyeshwa, mtu huyo alitoweka mbele ya macho ya wote kama mchawi. Makino hakukasirika. Alielewa kwamba amepata dhahabu. Kuanzia hapo Matchan alianza kutoweka, kutokea juu ya paa, kugeuka mnyama. Katika Jiraiya ya mwaka 1921 yeye ni shujaa mwenye nguvu za chura. Anafanya ishara kwa vidole, moshi unapanda, na alipokuwa amesimama mtu anaonekana chura mkubwa. Ukiitazama leo unaona wazi kwamba chura ni mtu ndani ya nguo, na bado unatabasamu.

Watoto walifanya ishara za vidole mitaani, na wako waliojaribu kuruka kutoka mahali pa juu wakidhani watatua kama Matchan. Wazazi na walimu wakalalamika. Serikali ilikuwa tayari na wasiwasi na sinema. Mwaka 1917 polisi wa Tokyo walitoa kanuni mpya, wakatenganisha viti vya wanaume na wanawake, na wakawataka benshi wawe na leseni. Wasomi vijana nao walikuwa na hasira yao. Walikuwa wameona filamu za Marekani, zenye waigizaji wa kike wa kweli, kamera inayosogea na hadithi zilizoandikwa vizuri. Walipotaka mfano wa kila kitu kilichozeeka katika sinema ya Japani, walimtaja Matsunosuke.

Walikuwa na haki kwa sehemu. Filamu inayotengenezwa kwa siku chache haiwezi kuwa na kina. Mapigano yake yalikuwa kama ngoma: adui anakuja, anazungushwa, anaanguka, anafuata mwingine, na hakuna anayeonekana kuumia. Lakini hao waliomcheka waliandika katika majarida yaliyosomwa na watu wachache. Matchan alitazamwa na mtu ambaye hakuwahi kusoma jarida lolote, aliyetoka kiwandani na senti chache mfukoni. Ni vigumu kusema nani kati yao aliifanyia sinema ya Japani kazi kubwa zaidi. Bila umati wa Matchan, zile nyumba za sinema zisingejengwa, na wasomi wangekosa mahali pa kuonyesha filamu zao bora.

Pigo kubwa zaidi lilitoka kwa rafiki. Mwaka 1921 Makino aliondoka Nikkatsu na kuanza kazi yake mwenyewe. Mtu aliyemtoa Matsunosuke kwenye vumbi la barabarani sasa akawa anatafuta vijana wa kumpita. Akampata Bandō Tsumasaburō, aliyezaliwa mwaka 1901, kijana mwembamba mwenye uso wa huzuni, anayepigana kama mtu anayekufa kweli. Katika Orochi ya mwaka 1925 kijana huyo ni samurai mwema ambaye jamii yote inamwona mhalifu, na mwishoni anazungukwa na umati wa polisi, anapigana mpaka nguvu zinakwisha. Baada ya kuona hivyo, watazamaji walirudi kwa Matchan na kumwona ghafla kuwa mzee.

Hakususa. Mwaka huohuo wa 1925 alitoa filamu ya Araki Mataemon, iliyotangazwa kuwa ya elfu moja kwake, na ndani yake alijaribu kucheza kwa mtindo mpya, mapigano makali zaidi na madoido machache. Mwaka 1926 akaicheza tena Chushingura, safari hii kwa ukubwa. Mtu wa miaka 50, mwenye moyo mgonjwa, anajifunza upya kazi aliyoifanya maisha yote. Hilo wasomi hawakuliandika sana.

Katikati ya hayo lilitokea tetemeko. Tarehe 1 Septemba 1923, saa sita kasoro dakika mbili mchana, ardhi ilitikisika Tokyo na Yokohama. Ilikuwa saa ya kupika, moto ukashika nyumba za mbao. Watu zaidi ya 100,000 walikufa na mamia ya maelfu ya familia zikapoteza makao. Studio ya Nikkatsu ya Tokyo haikuweza kuendelea, wafanyakazi wake wakahamia Kyoto, kwenye studio ambayo filamu za Matsunosuke ndizo zilizoilisha. Hivyo vijana wa mtindo mpya walijikuta chini ya paa moja na mzee wa mtindo wa kale, ambaye katika miaka yake ya mwisho alikuwa pia amepandishwa katika uongozi.

Ni katika miaka hiyohiyo ya mwisho ambapo Matsunosuke alianza kutoa fedha zake. Aliukabidhi utawala wa mkoa wa Kyoto fedha nyingi kwa ajili ya kusaidia maskini. Kwa msaada huo zilijengwa nyumba za aina ambayo Wajapani huita nagaya: jengo moja refu la mbao, limegawanywa sehemu sehemu, kila familia ina mlango wake. Ziliitwa kwa jina lake, na kwenye jina likaongezwa neno lenye maana ya kuinuka kimaisha. Wazo lilikuwa kwamba familia iingie humo ikiwa imeshindwa, ipate nafasi ya kupumua, na itoke ikiwa imesimama.

Wako wanaoweza kusema kwamba mtu aliyeshutumiwa kwa kuharibu watoto alitafuta kusafisha jina. Labda. Lakini angeweza kujenga ukumbi wa maigizo wenye jina lake, jambo ambalo mwigizaji yeyote angelitamani, na wala asingeulizwa. Alichagua milango midogo mingi. Familia iliyowahi kulala darasani, imetenganishwa na jirani kwa kitenge tu, inajua mlango wa kufunga kwa mkono wako una uzito gani. Na mtu aliyezunguka na kabuki tangu utoto, akilala popote kikundi kilipolala, huenda alijua pia.

Zile filamu elfu moja karibu zote zimepotea. Filamu za wakati ule zilitengenezwa kwa nitrati, kitu kinachoshika moto upesi kama baruti na kinachooza chenyewe kikiachwa. Nakala zilichezwa mpaka zikakatika. Nyingine zilitupwa kwa sababu hakuna aliyedhani kwamba kuna atakayezitaka, nyingine ziliteketea katika tetemeko na katika mabomu ya vita. Zilizobaki zinahesabika kwa vidole, na baadhi ni vipande tu: Chushingura, Jiraiya, Shibukawa Bangoro ya mwaka 1922, sehemu ya Araki Mataemon. Imebaki pia filamu ya mazishi yake. Ndani yake unaona umati, maua, watu waliovaa mavazi ya msiba, na barabara za Kyoto zimejaa mpaka pembeni.

Mwaka 1966, miaka 40 baada ya kifo chake, sanamu ya kichwa na mabega yake ilisimamishwa katika bustani kando ya mto Kamo, mjini Kyoto. Kilichokumbukwa pale ni ule msaada wake kwa maskini. Wapita njia wengi wanaokwenda kuvuka daraja hawasimami kusoma jina. Macho, yule aliyeichonga hakuyapunguza.